Chokaa Juu ya Wafu: Kanisa la Kijiji la Uingereza na Swali la Picha

Mabishano juu ya picha na sanamu yamejirudia mara nyingi katika historia ya Ukristo wa Ulaya, na kwa kawaida huelezwa kana kwamba yalihusu jambo moja tu, yaani kama ni halali kwa mwanadamu kumchora au kumchonga Mungu asiyeonekana. Maelezo hayo si ya uongo, lakini yakipimwa katika kanisa dogo la kijiji la Uingereza ya Zama za Kati huacha sehemu kubwa ya jambo gizani. Picha zilizopakwa chokaa katika makanisa hayo kwa amri ya serikali katikati ya karne ya 16 hazikuwa, kwa wingi wake, picha za Mungu. Zilikuwa picha za watu waliokwisha kufa: watakatifu waliotangulia, roho za wafu zinazopimwa kwenye mizani, na pembeni, kwa herufi ndogo, majina ya wanakijiji waliotoa fedha ili picha hizo zichorwe. Kwa sababu hiyo swali la picha katika kanisa la kijiji lilibeba ndani yake swali lingine lililo zito zaidi, nalo ni kama walio hai wana deni lolote kwa waliokufa, na kama wanalo, ni kwa njia gani deni hilo hulipwa.

Ili swali hilo lieleweke, ni lazima kwanza jengo lenyewe lieleweke. Kanisa la kijiji lilijengwa kwa kufuata mstari wa mashariki na magharibi, madhabahu ikiwa upande wa mashariki, upande ambako jua huchomoza na ambako iliaminiwa kwamba Kristo atarudi. Lilikuwa na sehemu mbili kuu: sehemu ya magharibi, iliyo pana, ambamo waumini walisimama au kupiga magoti, na sehemu ya mashariki, iliyo finyu zaidi, ambamo padri aliadhimisha misa. Kufikia karne ya 13 ilikuwa imekwisha kuwa desturi kwamba paroko, yaani padri aliyepokea zaka za kijiji, aitunze sehemu ya mashariki, na wanakijiji waitunze ile ya magharibi pamoja na mnara na kengele. Desturi hiyo ya matengenezo, ambayo juu juu yaonekana kuwa habari ya paa na mawe tu, ilikuwa na matokeo makubwa, kwa kuwa iliwapa wakulima na wachungaji mamlaka ya kweli juu ya nusu ya nyumba ya Mungu, na iliwalazimu kukusanya fedha, kutunza hesabu na kuchagua wasimamizi miongoni mwao.

Karibu na mlango, mara nyingi upande wa magharibi, lilikaa birika la ubatizo, kwa sababu ubatizo ndio mlango wa kuingia katika Kanisa. Katika kaunti za Norfolk na Suffolk, mashariki mwa Uingereza, yamesalia mabirika ya mawe ya karne ya 15 na mwanzoni mwa karne ya 16 yenye pande nane, na pande saba kati ya hizo zimechongwa sakramenti saba: Ubatizo, Kipaimara, Ekaristi, Kitubio, Mpako wa wagonjwa, Daraja na Ndoa, huku upande wa nane ukibeba tukio jingine, kama vile kusulubiwa kwa Kristo. Katika mengi ya mabirika hayo nyuso zimevunjwa kwa nyundo, lakini miili, mavazi na vitanda vya wagonjwa vingali vinaonekana. Mtoto aliyeletwa kubatizwa alizungukwa kwa mawe na maisha yote yanayomngoja, pamoja na kifo chake mwenyewe, kwa kuwa mpako wa mgonjwa aliye kufani ulichongwa palepale.

Kati ya sehemu ya waumini na ile ya padri kilisimama kiambaza cha mbao, kilichochongwa matundu ili watu waone madhabahu, na juu yake kulikuwa na boriti iliyobeba msalaba mkubwa wenye Kristo, Bikira Maria akiwa upande mmoja na Mtume Yohana upande wa pili. Nyuma na juu ya msalaba huo, katika nafasi iliyo juu ya tao, ndipo mahali pa kawaida pa picha ya Hukumu ya Mwisho. Mpangilio huo ulitamka fundisho bila maneno: aliyetazama mbele wakati wa misa aliona madhabahu kupitia matundu ya kiambaza, juu yake akaona msalaba, na juu ya msalaba akaiona siku ambayo yeye mwenyewe atasimama uchi mbele ya Hakimu.

Msomaji wa Kiswahili ana sababu yake ya kuyakumbuka makanisa haya. Edward Steere, aliyetoa mwaka 1870 kitabu cha kufundishia Kiswahili cha Unguja na kufanya kazi kubwa ya kutafsiri Maandiko, alikuwa paroko wa kijiji cha Little Steeping katika kaunti ya Lincolnshire kabla ya kuja Afrika pamoja na Askofu William Tozer, ambaye naye alitoka parokia jirani ya Burgh le Marsh. Wote wawili walikuwa wamezoea kuhudumu katika majengo yaliyorithiwa kutoka Zama za Kati. Kanisa la Mkunazini, Unguja, ambalo Steere alilisimamia likijengwa penye soko la watumwa la zamani, si nakala ya kanisa la kijiji cha Lincolnshire, lakini mwanzilishi wake alizikwa humo mwaka 1882, nyuma ya madhabahu, kama ilivyokuwa kawaida ya Zama za Kati kwamba anayeheshimiwa alale karibu na mahali pa sadaka.

Mfano mmoja ulio bora wa picha ya Hukumu ya Mwisho umesalia katika kanisa la Mtakatifu Petro, kijiji cha Wenhaston, Suffolk. Ulichorwa juu ya mbao zilizounganishwa, mwishoni mwa karne ya 15 au mwanzoni mwa karne ya 16. Kristo ameketi juu ya upinde wa mvua, na mbele yake wamepiga magoti Bikira Maria na Yohana Mbatizaji wakiwaombea wanadamu. Chini, Malaika Mkuu Mikaeli ameshika mizani, na Ibilisi amesimama kando akidai haki yake. Upande mmoja Mtume Petro anawapokea waliookolewa, nao wako uchi kabisa isipokuwa vichwani, ambako mfalme amebaki na taji, askofu na kofia ya uaskofu, na kadinali na kofia yake. Upande wa pili waliopotea wamefungwa mnyororo na kukokotwa hadi katika kinywa cha Jehanamu, kilichochorwa kama taya za samaki mkubwa. Mchoraji hakuwa fundi wa daraja la juu, na miili aliyoichora ni mizito na migumu, lakini uamuzi wake wa kumvua mfalme nguo zote na kumwachia taji unafundisha jambo ambalo kurasa nyingi za theolojia hazingelisema vizuri zaidi: cheo kinatambulika mbele ya Mungu, lakini hakimfuniki mtu.

Utetezi mashuhuri wa picha za aina hii katika Kanisa la Magharibi ulitolewa na Papa Gregori Mkuu, ambaye karibu mwaka 600 alimwandikia Serenus, askofu wa Marseille, akimkemea kwa kuvunja picha makanisani. Gregori alikubali kwamba picha hazipaswi kuabudiwa, lakini alishikilia kwamba wasiojua kusoma huzisoma kuta kama wengine wanavyosoma Maandiko. Mtaguso wa Pili wa Nikea, mwaka 787, uliongeza hoja iliyo ya ndani zaidi, ukipambanua ibada inayompasa Mungu peke yake na heshima inayoweza kutolewa kwa picha, heshima ambayo haiishii kwenye ubao bali hupita na kumfikia yule aliyechorwa. Hoja hizi mbili zimerudiwa mno hata imesahauliwa kwamba hakuna hata moja inayotosha kueleza kilichotendeka Wenhaston na katika maelfu ya vijiji vingine. Mkulima aliyeitazama picha ya Hukumu kila Jumapili kwa miaka 40 hakuwa akijifunza jambo jipya, na hakuwa akimheshimu Ibilisi aliyechorwa pale. Alikuwa akiwaona wazazi wake. Aliwafikiri wako mahali fulani katika habari ile, wala hawajafika mwisho wake, na aliamini kwamba alichokifanya yeye chini ya picha hiyo kingeweza kuwasaidia.

Imani hiyo ilisimama juu ya fundisho la toharani, yaani hali ya kutakaswa ambayo roho iliyokufa katika neema, lakini ikiwa bado na madoa, huipitia kabla ya kumwona Mungu. Mtaguso wa Lyon wa mwaka 1274 ulifundisha kwamba roho za namna hiyo husaidiwa na misa, sala na sadaka za walio hai. Fundisho lenyewe lilikuwa na kurasa chache, lakini matumizi yake yalijaza kanisa zima. Mishumaa iliyowaka mbele ya watakatifu ilinunuliwa kwa urithi wa marehemu. Mavazi ya ibada, vikombe na vitabu vilikuwa zawadi za watu waliotaka kukumbukwa. Na mara moja kwa mwaka padri alisoma kwa sauti orodha ya majina ya wafadhili wote wa parokia waliokufa, ili kijiji kiwaombee mmoja mmoja. Tauni Kuu ilipopita mwaka 1348 na 1349, ikiua kati ya theluthi na nusu ya watu, haja ya kuwaombea wafu ilizidi kuwa kali. Katika ukuta wa mnara wa kanisa la Ashwell, kaunti ya Hertfordshire, kuna maandishi ya Kilatini yaliyokwaruzwa mwaka 1350 yanayosema kwa ufupi wa kutisha kwamba waliobaki ni mabaki tu ya watu, wameachwa kuwa mashahidi.

Parokia inayofahamika kuliko nyingine kwa jinsi ilivyoyaishi mambo haya ni Morebath, kijiji cha familia 33 hivi kaskazini mwa Devon, na inafahamika kwa sababu padri wake, Christopher Trychay, aliyehudumu huko tangu 1520 hadi kifo chake mwaka 1574, alitunza hesabu za kanisa karibu muda huo wote, na mwanahistoria Eamon Duffy amezichambua kwa kina. Hesabu hizo zinaonyesha vyama vya kijiji, kikiwamo cha vijana na kile cha wasichana, kila kimoja kikitunza mshumaa wake. Zinaonyesha kondoo waliokuwa mali ya watakatifu, waliolishwa pamoja na kondoo wa mwenyeji mmoja mmoja, ambao sufu yao iliuzwa kwa faida ya kanisa. Trychay alikuwa na shauku moja iliyodumu karibu miaka 20, nayo ni kulipatia kanisa mavazi meusi ya misa ya wafu. Aliweka akiba kidogo kidogo, akatoa kile kilichokuwa haki yake mwenyewe, akawasihi watu wachangie, na mavazi hayo yakapatikana hatimaye mwaka 1547. Mwaka huohuo serikali ya mfalme mtoto Edward VI ilianza kuifuta ibada ambayo kwa ajili yake mavazi hayo yalinunuliwa.

Mashambulizi hayakuja mara moja. Chini ya Mfalme Henry VIII, baba yake Edward, amri za mwaka 1538 zilizima mishumaa iliyowaka mbele ya picha na sanamu za watakatifu. Mwaka 1547 bunge lilipitisha sheria ya kuvunja mifuko iliyogharimia misa za wafu. Mwaka 1548 iliamriwa kwamba sanamu zote ziondolewe. Mwaka 1550 madhabahu za mawe zikabomolewa na meza za mbao zikawekwa mahali pake. Mwaka 1549, kitabu cha sala cha Kiingereza kilipolazimishwa, watu wa Devon na Cornwall waliasi, na hesabu za Morebath zinaonyesha vijana watano waliogharimiwa na parokia kwenda kambi ya waasi nje ya Exeter. Uasi ulizimwa kwa mauaji mengi.

Si haki kuwaona waliotoa amri hizo kama wahuni wasiojali. Hoja yao ilikuwa na uzito wa kidini, na sehemu yake iliyo bora haikuhusu amri ya pili ya Mungu tu. Tangu karne ya 14, wafuasi wa mwanatheolojia Mwingereza John Wyclif walikuwa wakisema kwamba mfano halisi wa Mungu ni maskini, na kwamba fedha inayopaka dhahabu sanamu ya mbao huku mtu aliyeumbwa kwa sura ya Mungu akilala njaa mlangoni imepotea njia. Amri za mwaka 1547 zililichukua wazo hilo na kuliwekea chombo: kila kanisa liwe na sanduku imara karibu na madhabahu kuu kwa ajili ya maskini, na watu wahimizwe kutia humo kile walichokuwa wakitumia kwa mishumaa, hija na misa za wafu. Hapa ndipo hoja inapofikia kiini chake, kwa maana sarafu ni ileile, na linalobadilika ni nani anayedai. Mfu amefutwa kwenye daftari la wadai, na maskini aliye hai ameandikwa mahali pake.

Hata hivyo hoja hiyo ilidhani kwamba madeni hayo mawili yanashindana, na desturi ya kijiji haikuwa hivyo. Wosia wa Zama za Kati mara nyingi ulitaka mkate na fedha vigawiwe kwa maskini siku ya maziko na siku ya kumbukumbu, nao maskini wakaombwa kumkumbuka marehemu katika sala, kwa kuwa iliaminiwa kwamba sala ya maskini husikilizwa kwa namna ya pekee. Maskini hakuwa mpokeaji tu. Alikuwa na kitu cha kutoa ambacho tajiri aliyekufa alikihitaji mno. Walioyaondoa maombi ya wafu hawakupunguza wajibu wa kuwasaidia maskini, bali waliuongeza, lakini walimwondolea maskini ile nafasi yake ya kuwa msaidizi wa tajiri. Kasoro za mfumo wa zamani zilikuwa kubwa, kwa kuwa mwenye mali aliweza kujinunulia misa nyingi kuliko mkulima, na hakuna utetezi wa haki unaoweza kulipita jambo hilo kimya. Lakini orodha ya kila mwaka ilimtaja pia mjane aliyetoa shuka moja.

Mabadiliko yaliyo makubwa kuliko yote yalitendeka katika sentensi za maziko. Katika kitabu cha sala cha mwaka 1549, padri alipotupa udongo kaburini bado alisema na marehemu, akimwita kama mtu aliyepo, na kuikabidhi roho yake kwa Mungu. Katika kitabu cha mwaka 1552 padri husema na waliosimama kando ya kaburi, na marehemu hutajwa tu kama mtu ambaye habari zake zinasemwa. Hakuna chokaa iliyohitajika kwa jambo hilo. Na kwamba chokaa yenyewe ililenga shabaha hiyohiyo kunathibitishwa na yaliyotokea karibu miaka 100 baadaye, mwaka 1643 na 1644, William Dowsing alipozunguka Cambridgeshire na Suffolk kwa idhini ya upande wa Bunge katika vita vyake na mfalme, na kuandika katika kumbukumbu zake vitu alivyoviharibu. Pamoja na picha za malaika na watakatifu, aliandika tena na tena juu ya maandishi yaliyong'olewa makaburini kwa sababu yaliwasihi wapitao waiombee roho fulani. Maandishi hayo hayakuwa na picha yoyote. Kosa lake lilikuwa kwamba mfu alikuwa bado anaomba kitu.

Ukuta uliopakwa chokaa haukuachwa mtupu. Huko Wenhaston, baada ya msalaba na sanamu zake kushushwa, picha ya Hukumu ilifunikwa, na sehemu ya chini ya mbao ikaandikwa maneno ya Mtume Paulo katika sura ya 13 ya Waraka kwa Warumi, yanayomtaka kila mtu ayatii mamlaka yaliyo juu yake. Huko Ludham, Norfolk, nafasi hiyohiyo juu ya kiambaza ina mchoro wa Kristo msalabani, unaodhaniwa kuwa wa siku za Malkia Mary I, aliyeirudisha ibada ya Kikatoliki kati ya 1553 na 1558, na upande wake wa pili ina nembo ya kifalme ya Elizabeth I. Mahali ambapo mfalme alikuwa amechorwa uchi miongoni mwa wanaohukumiwa, sasa mfalme, kwa nembo yake au kwa andiko la utii, ndiye aliyewatazama watu kutoka juu. Wanamatengenezo wa Kanisa walioamini kwa dhati kwamba wanamwondolea Mungu washindani hawakulikusudia hilo, lakini ndilo lililokuja kuonekana kwa macho, na kwa mtu anayejali uhuru wa dhamiri ni badiliko la kuhuzunisha kuliko kupotea kwa rangi na dhahabu.

Mwaka 1892 kanisa la Wenhaston lilipokuwa likikarabatiwa, mbao zile, zikiwa bado nyeupe kwa chokaa, zilionekana hazina kazi na zikatolewa nje kwenye uwanja wa makaburi, ambako mvua ya usiku iliiosha chokaa na nyuso zikaanza kutokea. Mbao zilirudishwa kanisani, nazo ziko humo mpaka leo. Katikati ya picha kuna maumbo matupu ya msalaba na ya watu wawili waliosimama kando yake, kwa sababu mchoraji hakupaka rangi mahali ambapo sanamu zenyewe zilikuwa zimepigiliwa. Anayeitazama leo kwa kawaida huitazama kama kazi ya sanaa, na wachache humwona babu yao ndani yake, kwa hiyo kuoshwa kwa chokaa kumerudisha rangi bila kurudisha kazi ambayo rangi hiyo ilifanya.

Kazi hiyo, au kipande chake, ilirudi kwa mlango mwingine. Baada ya Vita Kuu ya 1914 hadi 1918, makanisa mengi ya vijiji vya Uingereza yaliandika ukutani au kwenye nguzo majina ya vijana wao waliouawa, na kila Novemba majina hayo husomwa kwa sauti mbele ya kijiji, moja baada ya jingine, kama orodha ya wafadhili ilivyosomwa kabla ya 1547. Kanisa la Uingereza, ambalo Ibara zake 39 zinalikataa fundisho la toharani, lilijikuta katika vita hivyo likiruhusu sala za hadhara kwa ajili ya waliokufa, kwa kuwa wazazi wengi hawakuweza kuvumilia kuambiwa kwamba hakuna linaloweza kusemwa tena juu ya mtoto asiye na hata kaburi. Tofauti iliyopo ni ya msingi: kijiji cha Morebath kilijua kwa uhakika kile ambacho kusomwa kwa jina kunamtendea aliyetajwa, ilhali kijiji cha leo husoma majina kwa uaminifu uleule bila kuwa na jibu la pamoja kama anayesomwa anapata chochote. Theolojia inayosema kwamba wafu hawahitaji kitu inapaswa kueleza kwa nini desturi hiyo ilirudi, na theolojia inayosema kwamba wanahitaji inapaswa kueleza jinsi ya kuzuia hitaji lao lisigeuzwe tena kuwa biashara ya wenye mali.